Kwa nini mwenye nyumba wangu humwamsha, humlisha na humlaza Krishna

Msomaji mmoja anayeishi mitaa ya Kisutu, Dar es Salaam, ameniandikia hivi: “Shikamoo Mwalimu. Nimepanga chumba kwa mama mmoja wa Kigujarati, mjane, mtu mwema sana. Kila alfajiri huoga, hufungua kabati dogo lenye sanamu ya shaba ya mtoto anayetambaa, huiamsha kwa nyimbo, huiogesha, huivisha nguo, huiwekea chakula, na usiku huilaza na kuifunika. Akiwa katika shughuli hiyo hataki kuguswa na mtu yeyote, hata mjukuu wake. Je, anaamini kweli kwamba kile kipande cha shaba ni Mungu? Na kama Mungu ndiye anayetulisha sisi, yeye ana haja gani na chakula chetu? Tena huniletea vitamu vilivyotoka mbele ya sanamu hiyo; mimi ni Mwislamu, nifanye nini?”

Marahaba, mwanangu. Nimelipokea swali lako kwa furaha, kwa sababu umeeleza ulichokiona kwa macho yako, hatua kwa hatua, bila kuanza na hukumu. Nitakujibu kuhusu mama huyo na njia yake, wala sitadai kuueleza Uhindu wote, kwa kuwa Uhindu hauna mwasisi mmoja wala kiti kimoja cha mamlaka, na jambo lililo msingi wa ibada katika nyumba moja huweza kukataliwa kabisa katika nyumba ya pili yake.

Mtoto anayetambaa ambaye mara nyingi hushika donge la siagi mkononi, ratiba ya siku nzima isiyovunjwa, na ile hali ya kutotaka kuguswa, vyote vinanielekeza kwenye Pushtimarga, yaani Njia ya Neema, ambayo ina wafuasi wengi miongoni mwa Wagujarati na watu wa Kutch. Mwanzilishi wake ni Vallabha, mwanachuoni aliyeishi kati ya 1479 na 1531, na aliyeipanga ibada yake kwa kina ni mwanawe Vitthalnath, aliyefariki mwaka 1586. Vallabha hakuwataka wafuasi wake waihame dunia na kukaa msituni. Yeye mwenyewe alioa na kupata watoto, na akafundisha kwamba nyumba ya mtu wa kawaida, yenye jiko, watoto na hesabu za duka, ndiyo mahali panapofaa kumtumikia Krishna, Mungu ambaye wanaamini alishuka duniani na kulelewa kijijini kama mtoto mchunga ng’ombe.

Swali lako la kwanza hujibiwa kwa namna mbili nyepesi. Wapo wanaosema kwamba Mhindu hudhani jiwe au shaba ndiyo iliyoumba mbingu na ardhi. Wapo wengine, wakiwemo Wahindu wengi wanapoulizwa na Waislamu au Wakristo na kutaka mazungumzo yaishe kwa amani, wanaosema kwamba sanamu ni alama tu, kitu cha kuisaidia akili itulie. Kwa maoni yangu majibu yote mawili yanamkosea mama huyo, na la pili linamkosea zaidi, kwa sababu limevaa adabu huku likimnyang’anya kile hasa anachokipenda.

Jibu la kwanza huanguka mtu akitazama sikukuu ya Ganesha, mungu mwenye kichwa cha tembo, kama inavyosherehekewa huko Maharashtra kati ya Agosti na Septemba. Sanamu hufinyangwa kwa udongo, kisha hufanyiwa ibada iitwayo pranapratishtha, ambayo kwayo mungu huombwa aingie na kukaa humo. Huhudumiwa kwa siku moja na nusu, au tano, au saba, au hadi siku ya kumi kwa desturi ya familia au mtaa husika, halafu huagwa kwa maombi na kupelekwa mtoni au baharini ikayeyuke. Tangu mwaka 1893, mpigania uhuru Bal Gangadhar Tilak alipoihimiza iwe sherehe ya hadhara, mitaa mizima ya Pune na Mumbai hufanya hivyo. Watu wanaoimba kwa furaha huku wakiutumbukiza udongo majini hawawezi kuwa wanaamini kwamba udongo ule ndio Mungu. Kwao Mungu alialikwa, akaja, akakaa, akaagwa.

Lakini mwenye nyumba wako hamwagi wake. Sanamu aliyo nayo huenda aliipokea kwa mama mkwe wake, na huyo kwa wa kwake, na siku akifariki, jambo la kwanza litakaloulizwa na wafuasi wenzake ni nani atakayeendelea kuitumikia. Wafuasi wa Pushtimarga hupendelea kuiita swarupa, yaani umbo lake yeye mwenyewe, na wakiizungumzia nyumbani kwa Kigujarati husema Thakorji, Bwana wetu, au Lalji, mpenzi wetu mdogo. Hawaifanyii ile ibada ya kuiingiza uhai. Kiongozi wa dini wa ukoo wa Vallabha huipokea, huiogesha kwa maziwa, mtindi, samli, asali na sukari, na kuikabidhi kwa familia, na kuanzia hapo wanaamini kwamba yupo mtu nyumbani. Ukimwambia mama huyo kwamba Lalji ni alama, pengine atanyamaza kwa heshima, lakini utakuwa umesema neno zito.

Ili kuelewa jinsi mtu mwenye akili timamu na elimu nzuri anavyoweza kusadiki hivyo, sharti tuingie kidogo katika falsafa ya Vallabha. Yeye alifundisha kwamba kuna uhalisi mmoja tu, Brahman, na kwamba ulimwengu huu si ndoto wala udanganyifu, bali ni Brahman huyohuyo aliyejidhihirisha. Brahman ana kuwepo, ana ufahamu na ana furaha. Katika vitu kama mawe na madini ameonyesha kuwepo kwake tu, akaficha ufahamu na furaha. Katika nafsi za viumbe ameonyesha kuwepo na ufahamu, akaficha furaha. Katika Krishna hakuficha kitu. Kwa msingi huo, shaba haikuwa kamwe kitu kigeni kwa Mungu ambacho mwanadamu amekipandisha cheo. Kinachofanyika ni kwamba Mungu, kwa neema yake, anakubali kuufunua mahali fulani ule utimilifu ambao kwingine ameufunika, na anafanya hivyo kwa ajili ya anayempenda.

Kusini mwa India, karne kadhaa kabla ya Vallabha, mapokeo ya mwanafalsafa Ramanuja yalikwisha kulieleza jambo hili kwa mpangilio mwingine ambao mimi huuona wazi sana. Mungu, husema wanavyuoni hao, ana namna tano za kuwepo: katika ukuu wake upitao yote, katika madhihirisho yanayoongoza uumbaji, katika kushuka kwake duniani kama Rama na Krishna, ndani ya moyo wa kila kiumbe, na katika sanamu iliyowekwa kwa ibada. Ungetarajia kwamba hii ya mwisho ndiyo iwe duni kuliko zote, lakini wao hulisifu hasa jambo ambalo wewe unaliona kuwa kikwazo. Ukuu wake uko mbali, Rama na Krishna walikuja zamani na sisi hatukuwepo, na aliye moyoni haonekani ila na walioshinda nafsi zao. Lakini katika sanamu amejiweka mahali ambapo hata mtu wa kawaida, mvivu, mwenye dhambi, anaweza kumfikia, na ameridhia aogeshwe, avishwe na alishwe kwa saa ambazo mtumishi wake ana nafasi. Kwao udhaifu huo umechaguliwa, na kuchagua huko ndiko wanakokuita upendo.

Hapa ndipo lilipo jibu la swali lako la pili, na nitakaa hapa kwa muda, kwa kuwa ndiko uliko moyo wa dini ya mama huyo.

Katika Bhagavata Purana, kitabu kinachopendwa kuliko vyote na wafuasi wa Krishna, kuna kisa cha Yashoda, mama aliyemlea Krishna. Watoto wenzake Krishna wanamshtaki kwamba amekula udongo. Yashoda anamwambia afungue kinywa, na ndani ya kinywa hicho anaona nyota, milima, bahari, kijiji chao, na yeye mwenyewe akiwa amesimama hapo. Kwa dakika moja anatambua ni nani aliyempakata. Kisha Krishna anamsahaulisha, na Yashoda anamkumbatia mwanawe kama kawaida. Msomaji wa haraka hudhani kusahau huko ni hasara. Mapokeo haya hukuona kuwa ni zawadi, kwa sababu aliye mbele ya mfalme wa ulimwengu hutetemeka na kusujudu, na aliyesujudu hawezi kumfuta mtoto pua.

Kisa kinachofuata ni kizito zaidi. Krishna amevunja chungu cha mtindi na kuiba siagi, na Yashoda anataka kumfunga kwenye kinu. Anachukua kamba, inapungua vidole viwili. Anaunganisha nyingine, inapungua vidole viwili. Anaziunga kamba zote za nyumbani, na bado vidole viwili vinakosekana, hadi jasho linamtoka na maua yanaanguka kutoka nyweleni. Mtoto anapoona jinsi mama yake alivyochoka, anakubali kufungwa. Wafafanuzi wamesema mengi kuhusu vidole hivyo viwili, na ufafanuzi unaonigusa mimi ni ule usemao kwamba kimoja ni juhudi ya mwanadamu na cha pili ni neema ya Mungu. Kamba haitoshi mpaka vyote viwili vipatikane. Kwa kisa hicho Krishna huitwa Damodara, yaani aliyefungwa kamba kiunoni, na mwezi wa Kartika, kati ya Oktoba na Novemba, huitwa kwa jina lake hilo.

Sasa rudi kwa mwenye nyumba wako. Namna ya upendo anayoifuata huitwa vatsalya, upendo wa mzazi kwa mtoto. Wahindu wengine humpenda Mungu kama mtumwa ampendavyo bwana wake, wengine kama rafiki, wengine kama mke au mchumba, na nyimbo za Mirabai wa Rajasthan zimejaa upendo huo wa mwisho. Huyu ameshika nafasi ya Yashoda. Hamlishi Krishna kwa kuwa anadhani bila yeye Krishna atakufa njaa. Anajua vizuri, pengine kuliko mimi na wewe, kwamba kila punje ya mchele ni ya Mungu kabla haijafika sokoni Kariakoo. Humlisha kwa sababu mzazi hawezi kumpenda mtoto bila kumlisha, na kwa sababu anaamini kwamba Krishna ameridhia kuwa na njaa ili apate kupendwa hivyo. Katika Bhagavad Gita, sura ya 9, aya ya 26, Krishna anasema kwamba jani, ua, tunda au maji yakitolewa kwa upendo na mwenye moyo safi, yeye huyapokea. Tazama jinsi vitu hivyo vilivyo vidogo. Hakuna maskini atakayevikosa.

Upendo huo hufika mahali ambapo huonekana kama umepitiliza. Miongoni mwa Alvar, washairi 12 wa Kitamili walioimba kati ya karne ya 6 na ya 9 hivi sifa za Vishnu, ambaye kwao ndiye aliyeshuka kama Krishna, yuko Periyalvar, ambaye husimuliwa kwamba alipotokewa na Vishnu katika fahari yake yote hakuomba kitu. Aliingiwa na hofu kwamba uzuri ule ungepatwa na husuda, akaanza kumwombea Mungu maisha marefu. Shairi hilo la kumbariki Mungu hufungua mkusanyiko wa beti 4,000 hivi ambao Wavaishnava, yaani wafuasi wa Vishnu, wa kusini huuimba mahekaluni hadi leo. Katika Pushtimarga pia, taa inayozungushwa mbele ya Krishna huelezwa na wengi kuwa ni ya kumwondolea jicho baya, kama mama afanyavyo kwa mtoto mzuri aliyetoka kutazamwa na watu wengi.

Ratiba unayoiona katika kabati lile dogo ni nakala ya nyumbani ya ratiba ya Nathdwara, mji wa Rajasthan ulio kilomita zipatazo 48 kutoka Udaipur. Huko ndiko aliko Shrinathji, swarupa kuu ya njia hii: jiwe jeusi lenye umbo la Krishna wa miaka saba, mkono wa kushoto ukiwa umeinuliwa, kwa maana inasimuliwa kwamba aliubeba mlima Govardhan siku saba ili wanakijiji wajikinge na mvua aliyoileta Indra, mungu wa mvua, kwa hasira. Shrinathji alikaa kwanza juu ya mlima huohuo, karibu na Mathura. Wakati wa utawala wa Aurangzeb, mfalme wa Dola ya Mughal, mahekalu ya eneo hilo yalipokuwa hatarini, alisafirishwa kwa gari la kukokotwa, na mapokeo husema kwamba gurudumu lilipozama katika kijiji cha Sihad na kukataa kutoka, waliokuwa wakimsindikiza walielewa kwamba amechagua makao. Rana Raj Singh, mtawala wa Mewar, aliwapa ulinzi, na mwaka 1672 akawekwa hapo. Jengo lake halijengwi kama hekalu lenye mnara mrefu. Huitwa haveli, jumba, kwa sababu anayekaa humo ana maisha ya nyumbani.

Mara nane kwa siku mlango hufunguliwa kwa muda mfupi ili watu wamwone, na kila mara ni sehemu ya siku ya mtoto mchunga ng’ombe. Mangala ni alfajiri, ameamshwa na kupewa kifungua kinywa chepesi. Shringara amevishwa kilemba na mapambo. Gwala anakwenda na ng’ombe malishoni. Rajabhoga ni mlo mkuu wa mchana, wenye vyakula vingi kuliko vyote. Halafu analala, mlango unafungwa, na hakuna waziri wala tajiri anayeweza kufunguliwa. Utthapana anaamshwa alasiri, Bhoga anapewa vitafunio, Sandhya ng’ombe wanarudi na taa inazungushwa, na Shayana analazwa. Nyuma yake huning’inizwa kitambaa kikubwa kilichochorwa, kinachobadilishwa kwa majira na sikukuu, na nyimbo huimbwa kwa mizani ya sauti inayolingana na saa ile na msimu ule. Nyingi zilitungwa na washairi wanane wa mwanzo wa njia hii, wanne wanafunzi wa Vallabha na wanne wa Vitthalnath. Mashuhuri kuliko wote ni Surdas, ambaye mapokeo husema alikuwa kipofu, naye ndiye aliyeimba kwa undani usio na kifani jinsi mtoto Krishna anavyotambaa, anavyonuna na anavyokana wizi wa siagi huku midomo ikiwa imepakaa.

Majira nayo yana sheria zake. Wakati wa baridi Krishna huvishwa nguo zilizojazwa pamba na kuwekewa makaa karibu. Wakati wa joto huvishwa nyeupe nyepesi, hupakwa liwa ya msandali na kupepewa. Wagujarati wa pwani yetu wameurithi utaratibu huu uliopangwa kwa hali ya hewa ya India kaskazini, na ndiyo maana unaweza kumwona mama wa Dar es Salaam akimfunika Lalji blanketi mwezi wa Januari, sisi tukitokwa na jasho. Usimcheke. Anafuata kalenda ya Braj, nchi ya utoto wa Krishna, ambako Januari kuna baridi kali.

Ukiyatazama matendo haya yote kwa pamoja utayatambua upesi wewe uliyelelewa kwa adabu za Kiswahili. Mgeni akija kwenu hupewa mahali pa kukaa, maji ya kunawa, harufu nzuri ya udi, chakula kabla ya wenyeji kula, na kitanda kilicho bora. Ibada ya kawaida ya Kihindu, puja, ina heshima 16 zilizohesabiwa katika vitabu vya taratibu, na karibu zote ni hizo: kiti, maji ya miguu, maji ya kusukutua, kuogeshwa, nguo, manukato, maua, ubani, taa, chakula. Wapushtimarga hupenda kusema kwamba wao hawafanyi puja ila hufanya seva, utumishi, kwa kuwa puja hufuata kanuni na mara nyingi huambatana na ombi, ilhali seva inapaswa isiwe na ombi lolote isipokuwa kumfurahisha Krishna. Mfuasi mkamilifu hamwombi mtoto wake utajiri.

Sababu ya kutoguswa inatoka humo humo. Kabla ya seva mama huyo huoga, huvaa nguo zilizotengwa kwa kazi hiyo, na huingia katika hali iitwayo aparas, ambamo hagusi mtu wala kitu kisichooshwa kwa namna maalumu mpaka amalize. Hana maana kwamba wewe au mjukuu wake ni mchafu. Hata mumewe alipokuwa hai asingemgusa saa hiyo. Pamoja na hayo ni lazima niseme kwa ukweli kwamba fikra za usafi wa ibada nchini India zimefungamana kwa karne nyingi na tabaka, na zimewaumiza watu waliozaliwa katika jamii zilizoitwa najisi. Chokhamela, mshairi wa karne ya 14 aliyempenda kwa moyo wote Vithoba, yaani Krishna kama anavyoabudiwa katika mji wa Pandharpur, hakuruhusiwa kuingia hekaluni, na kaburi lake liko nje, kwenye ngazi za mlango. Bhakti, yaani dini ya upendo, ilitangaza kwamba Mungu hatazami kuzaliwa kwa mtu, lakini walioishika milango hawakutii tangazo hilo kila mara.

Wala viongozi wa Pushtimarga hawakuwa salama na vishawishi vya heshima waliyopewa. Mwaka 1862 mahakama ya Bombay ilisikiliza kesi ambayo mmoja wa wakuu hao alimshtaki mwandishi wa habari Karsandas Mulji kwa kumchafulia jina, baada ya Karsandas, aliyelelewa ndani ya njia hiyohiyo, kuandika dhidi ya tabia zao kwa wanawake waumini. Karsandas alishinda, na kesi hiyo ilitikisa jamii za wafanyabiashara wa Kigujarati kila walikokuwa. Waumini wengi hawakuiacha seva kwa sababu hiyo. Imani yao ilikuwa kwa Krishna aliye nyumbani.

Ndani ya Uhindu wenyewe wapo pia wanaokubaliana na shaka yako. Kabir, mfumaji wa Varanasi wa karne ya 15, alizipiga kwa maneno makali sanamu za Wahindu na taratibu za Waislamu kwa pamoja, akamtafuta Mungu asiye na umbo. Dayananda Saraswati, aliyeanzisha Arya Samaj huko Bombay mwaka 1875, alikataa ibada ya sanamu akisema haimo katika Veda, maandiko ya kale kuliko yote ya Kihindu, na wafuasi wake walikuwa na jumuiya Nairobi tangu mwaka 1903. Hata Bhagavata Purana, inayompamba Krishna kwa kila namna, ina mahali ambapo mwalimu Kapila anaonya kwamba anayeiabudu sanamu huku akiwapuuza viumbe ambao Mungu anakaa ndani yao ni kama mtu amwagaye sadaka juu ya majivu. Nakutajia haya ili ujue kwamba swali lako halikuzuka kwa kuwa wewe ni Mwislamu. Limeulizwa kwa Kihindi, Kimarathi na Kisanskriti kwa mamia ya miaka, na mama huyo bila shaka amekwisha kulisikia.

Njia yake ina historia katika pwani yetu vilevile. Wabhatia wa Kutch, ambao kwa kawaida ni wafuasi wa Vallabha, walikuwa miongoni mwa wafanyabiashara wakubwa wa Zanzibar katika karne ya 19. Nyumba ya biashara ya Jairam Shivji ilikodi ushuru wa forodha wa kisiwa hicho kwa miongo kadhaa, tangu enzi za Sayyid Said. Kama picha zilizo katika kabati la mwenye nyumba wako zina pia mtu aliyevaa kilemba na joho, si mtoto peke yake, basi huenda yeye ni wa Swaminarayan, njia iliyoanzishwa Gujarat na mwalimu aliyeishi kati ya 1781 na 1830, na yenye hekalu kubwa la mawe na mbao lililofunguliwa Nairobi mwaka 1999. Mengi niliyoyasema yatabaki kuwa sahihi hata hivyo, kwa kuwa mwalimu huyo aliwaagiza wafuasi wake wafuate taratibu za Vitthalnath katika saumu na sikukuu za Krishna.

Limebaki suala la vitamu. Mfuasi wa Pushtimarga hupitia viapo viwili: cha kwanza kinatamka kwamba Krishna ndiye kimbilio lake, na cha pili humfanya aweke mikononi mwa Krishna mwili wake, nyumba yake, watoto wake na mali yake yote. Baada ya hapo hapaswi kutumia kitu chochote ambacho hakijatolewa kwanza kwa Krishna. Ndiyo maana mpishi haonji chakula jikoni, hata chumvi, na ndiyo maana chakula kikishatolewa hakirudi kuwa chakula cha kawaida. Kimekuwa prasadi, neema iliyobaki baada ya mtoto kula. Ladu au barfi anayokuletea imetengenezwa kwa unga, samli, sukari, maziwa, labda iliki na zafarani. Haina nyama wala yai, na jikoni mwake vitunguu na vitunguu saumu huwa havipikwi kwa ajili ya Krishna. Kwake yeye, kukugawia ni kukupa kilicho bora kuliko vyote alivyo navyo, na hakusudii ubadili dini.

Kama yakufaa kukila si juu yangu kuamua. Hilo ni swali la fikihi, nawe umwendee shekhe unayemwamini, umweleze wazi kwamba si mnyama aliyechinjwa bali ni kitamu kilichowekwa mbele ya sanamu, ili akujibu kwa kuielewa hali ilivyo. Ukiambiwa usile, mwambie mama huyo ukweli kwa upole, usipokee na kwenda kutupa, kwa maana prasadi kwake haitupwi, na akija kuiona jalalani ataumia sana kuliko angeumia kwa kukataliwa. Watu wa umri wake waliokulia Kisutu wameishi na majirani Waislamu maisha yao yote, wanajua mipaka ya kila mmoja, na wengi huwa na boksi la vitamu vya dukani kwa ajili hiyo hiyo.

Ukipenda kuona zaidi, mwombe ruhusa wakati amemaliza seva ya asubuhi, uvue viatu, usiguse kabati wala vyombo vyake, na usipige picha bila kuuliza, kwa kuwa familia nyingi hazipendi Thakorji wao wa nyumbani aonyeshwe ovyo. Wakati mzuri kuliko wote ni kesho yake baada ya Diwali, siku ya Annakuta, ambapo kwa kumbukumbu ya mlima Govardhan hupangwa mbele ya Krishna vyakula vya kila aina hadi vikawa kama kilima, na mahekalu mengi huwakaribisha hata wasio Wahindu waje kutazama. Mwulize yeye mwaka huu inaangukia tarehe gani, kwa sababu kalenda yao hufuata mwezi, na siku hiyo hubadilika kila mwaka.